Kellen Moore: kocha aliyekuwa bado amevaa jezi

Kellen Moore alianza mechi 53 za futiboli ya Kimarekani akiwa kwotabeki, yaani mwongozaji wa mashambulizi, wa Chuo Kikuu cha Boise State, akashinda 50. Zile tatu alizopoteza, ukijumlisha tofauti ya pointi zote, unapata 5. Kabla yake hakuna kwotabeki wa daraja la juu la vyuo vya Marekani aliyewahi kufikisha ushindi 50. Aprili 2012 klabu za ligi ya kulipwa, NFL, zilichagua vijana 253 waliotoka vyuoni, na yeye hakuwamo. Februari 2025, akiwa na miaka 36, alikabidhiwa New Orleans Saints, na wakati huo hakukuwa na kocha mkuu mwenye umri mdogo kuliko yeye kwenye ligi hiyo hiyo iliyompita.

Kisa hiki husimuliwa mara nyingi kama cha kijana aliyedharauliwa, akapambana, mwisho akawaumbua waliomdharau. Siafiki. Waliompima mwaka 2012 waliona sawasawa kwamba mwili wake haungetosha kuanza kila wiki NFL. Hawakuuliza swali la pili: kama si mkono wala miguu, ushindi 50 ulitoka wapi? Ukilijibu swali hilo, safari yake ya ukocha haishangazi tena.

Futiboli ya Kimarekani huchezwa vipande vipande. Timu inayoshambulia inapewa majaribio manne ya kusogeza mpira yadi 10; ikifaulu, inapewa manne mengine. Kila jaribio ni mchezo uliopangwa mapema, wachezaji 11 kila mmoja akijua anakimbilia wapi na lini. Kwotabeki ndiye anayepokea mpira mwanzoni. Kabla hajaupokea ana sekunde chache za kuwatazama walinzi walivyojipanga na kukisia wanachokusudia, na akiona mchezo ulioagizwa utagonga ukuta, anaubadilisha pale pale kwa kupaza sauti. Mpira ukishatoka ana kama sekunde tatu kabla hajafikiwa na watu wenye kilo zaidi ya 120. Kuna makwotabeki wanaoishi kwa sekunde hizo tatu: wana mkono wa kurusha mbali, wana mbio, wanaponyoka. Moore aliishi kwa zile sekunde za kabla.

Alizipata nyumbani. Baba yake, Tom Moore, alikuwa kocha mkuu wa futiboli wa Shule ya Sekondari ya Prosser, mji mdogo wa mashamba katika jimbo la Washington. Kellen alicheza chini yake na kumaliza shule akiwa na pasi 173 za tachidauni, yaani zilizoufikisha mpira eneo la mwisho la mpinzani na kuleta pointi, rekodi ya jimbo zima. Mdogo wake Kirby akapita njia hiyo hiyo, akawa mpokeaji wa pasi zake huko Boise State, na baadaye naye akaingia kwenye ukocha. Mtoto wa kocha anasikia mezani kwa nini mchezo fulani ulikwama Ijumaa usiku, kosa lilikuwa la nani, na nini kingefanyika. Wenzake wanajifunza kucheza, yeye anajifunza sababu.

Boise State, jimboni Idaho, inafahamika kwa uwanja wake wa nyasi bandia za buluu uliowekwa mwaka 1986, na kwa kuwachukua vijana ambao vyuo vikubwa havikuwataka. Moore aliingia mwaka 2007 na msimu huo hakucheza. Alifanya mazoezi na kusoma mfumo. Msimu wa 2008 kocha Chris Petersen akampa nafasi. Mapema tu msimu huo timu ikaenda Oregon, kwenye uwanja wenye kelele kuliko karibu viwanja vyote vya pwani ya magharibi, ikashinda 37-32. Mwaka wa pili alirusha pasi 39 za tachidauni na wapinzani wakanasa 3 tu. Namba hiyo ya pili ndiyo ya kuitazama. Kwotabeki ambaye pasi zake hazinaswi ni yule ambaye ameshaamua mpira uende wapi kabla haujamfika mkononi. Timu ikamaliza msimu 14-0, yaani ushindi 14 bila kupoteza, ikaifunga timu ya chuo cha TCU 17-10 kwenye Fiesta Bowl, mojawapo ya “bakuli”, mechi za kufunga msimu wa vyuo. Kwa jumla aliondoka chuoni na yadi 14,667 za pasi, tachidauni 142, na pasi 28 zilizonaswa kwa misimu minne.

Mfumo wa Petersen ulimfaa mno, na hili lazima lisemwe kwa sababu linagusa hoja yote. Boise State walikuwa mabingwa wa kuhamahama: wachezaji wanajipanga hivi, wanahama, wanajipanga vile, mlinzi bado anahesabu watu huku mpira umeshaanza. Mchezo wa namna hiyo hauhitaji mkono wa bunduki. Unahitaji mtu wa kuukumbuka wote, kuuendesha bila kuchelewa, na kujua kila mabadiliko yanamlazimisha mlinzi gani aonyeshe siri yake. Kwa miaka minne Moore alikuwa hapo katikati, msaidizi wa kocha mwenye namba mgongoni.

Tarehe 26 Novemba 2010, mjini Reno, dhidi ya Nevada, ndiyo mechi ninayoona inamweleza kuliko zote alizoshinda. Boise State hawakuwa wamefungwa msimu ule na walikuwa wanawania kuingia kwenye bakuli kubwa za Januari. Waliongoza 24-7 hadi mapumziko. Nevada, wakiongozwa na Colin Kaepernick, wakarudi, na zikiwa zimebaki sekunde 13 wakasawazisha, 31-31. Katika hali hiyo timu nyingi hupiga goti, yaani huacha saa iishe, na kusubiri muda wa nyongeza. Moore akarusha pasi ndefu ya zaidi ya yadi 50, na Titus Young akaidaka akijinyoosha karibu na yadi ya 9. Mkono uliosemwa ni dhaifu uliirusha, kwa sababu mrushaji alijua mpokeaji atakuwa wapi. Likabaki teke la yadi 26, la kuvusha mpira katikati ya milingoti, la pointi 3. Kyle Brotzman akalikosa. Katika muda wa nyongeza akakosa jingine la yadi 29, Nevada wakapata lao, 34-31.

Msimu wa ndoto ukaishia kwenye bakuli la Las Vegas. Brotzman aliandamwa na lawama zisizo na kiasi, na hapa naomba nisimame kidogo kwa ajili yake: ni mpigaji huyo huyo ambaye miezi kumi na moja kabla, kwenye Fiesta Bowl, alijifanya anapiga teke la kuondosha mpira, akarusha pasi badala yake, na jaribio lile likafungua njia ya tachidauni ya ushindi. Waliomtukana walikuwa wamesahau.

Moore alimaliza wa nne katika kura za Heisman, tuzo kubwa kuliko zote ya mchezaji wa chuo, mwaka ambao Cam Newton aliichukua. Mwaka uliofuata akashinda mechi 12, akapoteza moja kwa TCU, 36-35, teke jingine la mwisho likienda nje.

Kisha vipimo. Urefu wake ni karibu sentimita 183, mfupi kwa nafasi yake. Anatumia mkono wa kushoto. Mbio za yadi 40 alizikimbia kwa karibu sekunde 5, polepole mno. Katika uteuzi wa 2012 makwotabeki 11 walichukuliwa. Mmoja wao, Chandler Harnish, alikuwa wa 253, mtu wa mwisho kabisa kuitwa. Klabu ilitaka kwotabeki hata kwa kura ya mwisho, na bado haikumtaka aliyeshinda mechi 50. Russell Wilson, mfupi kuliko Moore, alichukuliwa raundi ya tatu mwaka huo huo, kwa hiyo urefu peke yake si jibu. Wilson alikuwa na mkono na miguu ya kuufidia ufupi. Moore alikuwa na ubongo, na ubongo hauna chombo cha kuupima kwenye ukumbi wa majaribio.

Detroit Lions walimsajili kama mchezaji huru. Alikaa misimu mitatu, 2012 hadi 2014, bila kucheza hata dakika moja ya mechi ya msimu. Hebu fikiria golikipa wa tatu wa timu ya Ligi Kuu: anafanya mazoezi yote, anasafiri, anavaa, anarudi. Kumbe miaka hiyo mitatu ndiyo ninayoithamini kuliko zote katika kisa hiki, na wengi huiruka kwa sentensi moja.

Kwotabeki wa akiba ana kazi ambayo haionekani kwenye televisheni. Katikati ya wiki, walinzi wa timu yake wanapojiandaa kwa mpinzani wa Jumapili, yeye ndiye anayeigiza kwotabeki wa mpinzani huyo. Wiki hii anaendesha michezo ya timu ya Chicago, wiki ijayo ya Green Bay. Anasoma mfumo wa mtu mwingine, anauendesha kwa siku chache, anauona unavyofanya kazi dhidi ya walinzi wa kweli, kisha anaufuta na kuanza mwingine. Zaidi ya hapo, anakaa chumba kimoja na kwotabeki wa kwanza, kwa Detroit akiwa Matthew Stafford, mwenye mkono ambao Moore hakujaliwa, na kumwangalia jinsi anavyoulizwa maswali, jinsi anavyokosea, na jinsi kocha anavyomsahihisha. Mchezaji anayetamani tu kuingia uwanjani atayaona hayo kama adhabu. Mtoto wa Tom Moore alikuwa darasani.

Kuna mtu mwingine katika chumba hicho: Scott Linehan, mratibu wa mashambulizi wa Lions. Linehan alihamia Dallas Cowboys mwaka 2014, na mwaka uliofuata Moore akamfuata. Kocha habebi kwotabeki wa tatu kwenda naye klabu mpya kwa sababu ya mkono wake. Anabeba mtu anayeujua mfumo na anayeweza kuwafundisha wengine.

Desemba 2015 bahati ya uwanjani ikaja, ikiwa imechelewa na katika hali mbaya. Kwotabeki wa kwanza, Tony Romo, alikuwa ameumia mfupa wa mtulinga, waliojaribiwa badala yake hawakufua dafu, na Cowboys walikuwa wanaelekea kumaliza 4-12. Moore aliingia dhidi ya New York Jets, akaanza dhidi ya Buffalo na Washington, na timu ikapoteza zote tatu. Mechi ya mwisho alirusha yadi 435 na tachidauni 3. Takwimu zake zote za NFL ni hizi: mechi 3, yadi 779, tachidauni 4, pasi 6 zilizonaswa. Chuoni, mwaka 2009, alinaswa mara 3 msimu mzima. Hapa mara 6 katika mechi tatu. Alichokijua hakikupungua. Ila NFL mwanya unaofunguka unajifunga haraka zaidi, na pasi iliyoamuliwa kwa usahihi ikifika imechelewa kwa hatua moja, kuna mtu ameshaweka mkono.

Agosti 2016, kwenye kambi ya mazoezi California, Moore alivunjika mguu. Cowboys walikuwa wanamtegemea kuwa msaidizi wa Romo. Kwa kuwa hakuwepo, kijana wa raundi ya nne, Dak Prescott, alipandishwa nafasi, na Romo alipoumia mgongo mwishoni mwa mwezi huo huo, Prescott akaanza msimu, akashinda mechi 13 kati ya 16, akawa kwotabeki wa klabu kwa miaka. Moore alipopona alimkuta Prescott, mdogo wake kazini, amekalia kiti. Wapo ambao wangeondoka kwa kinyongo. Yeye alibaki chumbani akimsaidia, msimu wa 2017 akashushwa hadi kikosi cha mazoezi, na Januari 2018 akatundika jezi na kupewa kazi ya kocha wa makwotabeki wa timu ile ile. Mwanafunzi wake wa kwanza rasmi alikuwa Prescott. Sidhani kuna aliyehitaji kutambulishwa.

Mwaka mmoja baadaye kibarua cha Linehan kikaota nyasi, na aliyepewa mikoba ya mratibu wa mashambulizi ni Moore, akiwa na miaka 30 na msimu mmoja wa ukocha. Ni jambo gumu kuketi kwenye kiti cha mtu aliyekushika mkono, na kwa maoni yangu klabu iliharakisha. Hata hivyo matokeo ya haraka yalikuja: mwaka 2019 Cowboys waliongoza ligi nzima kwa yadi. Wakamaliza 8-8, kocha mkuu Jason Garrett akaondoka. Mike McCarthy alipokuja, mwenye uzoefu mrefu wa kuagiza michezo mwenyewe, alimwachia Moore kazi hiyo. Kwa ulimwengu wa makocha, ambako kila bosi mpya huja na watu wake, hiyo ni heshima kubwa. Mwaka 2021 timu iliongoza ligi kwa yadi na kwa pointi, 530.

Lakini nataka kulisema wazi lililomkwamisha Dallas, kwa sababu wanaompenda hulipaka rangi. Januari 2022, mechi ya mtoano dhidi ya San Francisco, Cowboys wako nyuma 23-17, sekunde 14 zimebaki, na hawana tena nafasi ya kusimamisha saa. Mchezo ulioagizwa ni Prescott akimbie na mpira katikati, kisha wajipange haraka waugonge chini kuisimamisha saa. Akakimbia yadi 17, akateleza. Mwamuzi kwa kanuni lazima auguse mpira kabla haujaanzishwa, na alikuwa anakuja kutoka nyuma akipenya kati ya wachezaji waliokwisha kujipanga. Saa ikaisha. Kwenye karatasi mchezo ulikuwa unawezekana. Alichokosa aliyeuagiza ni kumweka mwamuzi kwenye hesabu. Mwaka uliofuata wakatolewa tena na San Francisco hao hao, 19-12, na jaribio la mwisho likiwa mchezo wa ajabu ambao mkimbizaji, Ezekiel Elliott, aliwekwa katikati kuuanzisha mpira, akaangushwa mara moja. Ule ujanja wa Boise ulishinda kwa sababu kila hila ilikuwa na msingi chini yake. Huu haukuwa nao.

Waliachana mwishoni mwa Januari 2023. Los Angeles Chargers wakamchukua mara moja, na msimu ukawa msiba: 5-12, kwotabeki Justin Herbert akavunjika kidole, kocha mkuu Brandon Staley akatimuliwa katikati ya Desemba, siku moja baada ya kufungwa 63-21 na Raiders. Sina mengi ya kuongeza hapo. Jahazi lile lilikuwa linazama kwa matundu mengi.

Philadelphia Eagles walimwajiri Januari 2024, na hapa ndipo ninapoona kocha aliyekomaa. Mtu ambaye jina lake lote limejengwa kwa pasi alikuta timu yenye ukuta mkubwa wa wazuiaji mbele na mkimbizaji mpya, Saquon Barkley. Kishawishi cha kila mratibu ni kulazimisha vitu vyake ili watu waone mkono wake. Msimu ule Eagles walirusha pasi chache kuliko timu yoyote ya ligi. Barkley alikimbia yadi 2,005. Moore aliyaweka pembeni aliyoyapenda, akaagiza walichokuwa nacho, wiki baada ya wiki, na timu ikamaliza 14-3.

Halafu Super Bowl, fainali ya NFL, 9 Februari 2025, ndani ya Superdome ya New Orleans. Kansas City walikuwa wanawania taji la tatu mfululizo na walijipanga kumzuia Barkley. Wakamwachia yadi 57 tu. Ilikuwa mechi ya kurusha. Kwotabeki Jalen Hurts akarusha, na robo ya tatu pasi ndefu ya yadi 46 ikamfikia DeVonta Smith kwa tachidauni, ubao ukasoma 34-0. Mwisho 40-22. Mpinzani alifunga mlango mmoja, Moore akatumia ule aliokuwa akiutumia kwa uchache msimu mzima.

Siku mbili baadaye Saints, wenyeji wa uwanja ule ule, wakamtangaza. Walikuwa wametoka msimu wa 5-12, na kabla hata kambi haijaanza, mwezi Mei, kwotabeki wao Derek Carr akastaafu kwa ajili ya bega. Moore akabaki na vijana, wakiwemo Spencer Rattler na Tyler Shough, akaamua kwamba kambi ndiyo itakayoamua. Rattler akashinda nafasi. Timu ikapoteza mechi nne za kwanza, ikaifunga Giants 26-14, ikaendelea kupoteza hadi 1-7, na hapo akamkabidhi Shough. Shough akaanza mechi 9 na kushinda 5, msimu ukaisha 6-11.

Rekodi hiyo haimpi mtu tuzo. Ninachokitazama ni alivyowashughulikia vijana hao wawili. Rattler alipata karibu nusu msimu kabla hajaondolewa, na Shough alikaa wiki nane bila kuanza mechi kabla hajakabidhiwa timu. Makocha wengi vijana, wakiwa na hofu ya kukalia kuti kavu, wangemwingiza mgeni wiki ya tatu ili kutuliza mashabiki. Kazi yake New Orleans itapimwa kwa ushindi, kama ya kila kocha mkuu, na huko bado ana deni. Ila kwenye kumlea kwotabeki, sioni wengi ligini ambao ningewaamini zaidi yake.